Kwa Mamlaka Gani Mlimwita?

Nyie mnaoingia sasa kwenye kazi hii ya usaidizi wa kisheria mna bahati, mmekuta fomu zimeshachapwa. Sisi tulianza na daftari la shule na muhuri uliochongwa na fundi viatu kwenye kipande cha kandambili. Herufi S ilitoka imegeuka, na mwaka mzima tukagonga hivyo hivyo. Mtu akiuliza, tulimwambia ndiyo alama yetu ya siri ya kuzuia kughushi.

Mimi ni Mama Rehema. Nilikuwa mshona nguo kabla ya kwenda mafunzo, nikarudi najua haki za mjane na tofauti ya rufaa na pingamizi. Kwa zaidi ya miaka ishirini nilikaa kwenye kituo chetu kidogo cha msaada wa kisheria pale Mandewa, chumba kimoja chenye meza, kabati bovu na benchi refu. Wengi wenu mmeniomba niwaambie ya kesi ya Sepuka, ile ambayo tulipingwa mbele ya baraza la ardhi. Mmeisikia huko mitaani ikiwa imeongezwa chumvi. Leo nawapa bila chumvi, maana yenyewe inayo ya kutosha.

Kwanza mjue kuhusu benchi, kwa sababu hakuna chuo kitakachowafundisha. Watu wawili wenye ugomvi msiwakalishe wakitazamana. Wakitazamana watatukanana. Wakalisheni benchi moja, huyu mwisho huu na yule mwisho ule, wote wakutazame wewe. Hapo hasira yao yote itakujia wewe, na hiyo ndiyo kazi yako. Hilo nilifundishwa na Mwalimu Hango, mwalimu mstaafu aliyekianzisha kituo, mtu mkali ambaye hata ukikohoa vibaya anakusahihisha.

Jambo la pili alilonifundisha nililipuuza, na ndilo lililotufikisha tulikofika. Mwalimu alikuwa akiandika barua kwa mkono wake mwenyewe, juu kabisa anaweka neno moja: MWALIKO. "Sisi tunaalika, Mama Rehema," alikuwa akiniambia. "Hatuiti. Kuita ni kwa mahakama. Anayeita lazima awe na mamlaka ya kumfanya mtu aje, na mamlaka ya kumruhusu aondoke."

Maneno mazuri, lakini mwaliko wenyewe ulikuwa balaa. Huku kwetu mtu akipata barua ya mwaliko anajua ni harusi au sherehe ya ubarikio kanisani. Baba mmoja wa Ikungi, aliyempiga mkewe mpaka akamvunja jino, alikuja kituoni amevaa koti na tai, na jogoo kwapani. Alipojua ameitiwa kesi alikasirika akaondoka na jogoo wake. Wengine hawakuja kabisa, wakasema hawana cha kuchangia.

Basi Mwalimu alipougua mguu akabaki kwake, mimi nikawa ndiye bosi. Siku ya kwanza tu nikafuta MWALIKO nikaandika WITO, kwa herufi kubwa nyeusi, na chini yake: "Unaitwa kufika bila kukosa. Ukikaidi, hatua zitachukuliwa." Hatua gani? Sikujua hata mimi. Lakini watu walianza kuja, tena kwa mbio. Nilijiona mjanja kweli.

Ndipo akaja Salome.

Alikuwa mjane mwenye mabinti wawili. Mumewe, Elia, alikuwa amefariki, na kabla udongo wa kaburi haujakauka mtoto wa kaka yake, kijana anaitwa Yona, akamwambia shamba la alizeti kule Sepuka ni la ukoo, Elia aliazimwa tu. Salome akafukuzwa. Akarudi kwa wazazi wake Misigiri, akawa analima vitunguu vya watu. Hakuwa na karatasi yoyote ya shamba. Alichokuwa nacho ni mtu mmoja: Mzee Msaghaa, baba yake huyo Yona na kaka mkubwa wa Elia, aliyekuwepo siku baba yao alipowagawia wanawe ardhi.

"Shemeji ni mtu wa kweli," Salome aliniambia. "Akiulizwa hatasema uongo. Ila anakaa kwa Yona, na Yona hataki aulizwe."

"Ataulizwa," nikasema mimi bosi. "Tutamwita."

Nikaandika wito wa kwanza, nikampa dereva wa bodaboda mmoja, mtu mzima tunayemwamini. Akaenda Sepuka akarudi. Akasema hakumwona mzee, ila Yona alipokea, akasema atamfikishia. Wiki ikapita, kimya. Nikaandika wa pili. Yona akapokea, akasema vilevile, atamfikishia. Kimya. Nikaandika wa tatu, na huo nikaukoleza, "WITO WA MARA YA TATU NA YA MWISHO."

Mama yangu mzazi alikuwa na katazo moja ambalo kwetu karibu kila mtoto amelisikia: ukisikia jina lako linaitwa na humwoni anayeita, usiitike mpaka mara ya tatu, maana binadamu tu ndiye huita mara tatu. Sikuwahi kuwaza kwamba katazo hilo linaweza kusomwa kwa upande wa pili, wa yule anayeita.

Siku tuliyopanga ilikuwa kiangazi, saa saba mchana, upepo wa Singida ule ambao mnaujua, unaopeperusha mabati na akili za watu. Salome alikuwa mwisho wa benchi upande wa dirisha. Mlango ulikuwa wazi. Niliinama kutafuta kalamu, nilipoinuka nikakuta mzee amekaa mwisho wa pili wa benchi. Koti refu la rangi ya majivu, kofia imeshushwa, miguu mitupu. Sikumsikia akiingia, nikadhani ni kwa ajili ya upepo.

"Shikamoo mzee," nikasema.

"Nimeitwa," akajibu.

Hakusema marahaba. Kwetu mzee asipoitikia shikamoo ujue amekasirika sana, nami nikaona aibu kwa ukali wa zile barua. Akaweka mkono mezani, akaachia karatasi tatu zilizokunjwa. Zilikuwa barua zangu zote tatu. Zilikuwa na unyevu, na udongo mwekundu umeganda kwenye mikunjo. Nakumbuka niliwaza, huyu mzee ametoka kumwagilia nini na kiangazi hiki?

Hapa ndipo nilipokosea, na kosa langu ni la adabu. Sheria yetu ya ofisi ilikuwa kila mtu alete barua ya utambulisho kutoka kwa mtendaji wa kijiji. Lakini utamwombaje kitambulisho mzee aliyekataa hata salamu yako? Ningeonekana nimemtukana mara mbili. Nikamtazama Salome anithibitishie. Salome alikuwa amevuta khanga mpaka puani, ameangalia chini, kama inavyompasa. Kwao kaka mkubwa wa mume ni baba mkwe, hatazamwi usoni. Akaniitikia kwa kichwa, ndiye.

Nikamuuliza habari za shamba. Alisema taratibu, hakurudia neno, na wala hakukohoa hata mara moja na lile vumbi.

"Baba alimpa Elia kuanzia ile miti ya minyaa mpaka korongoni. Alimpa kabisa. Chini ya mnyaa wa tatu kuna jiwe la kusagia la mama yetu. Tulilizika kifudifudi liwe mpaka."

Niliandika kila neno. Juu nikaandika UAMUZI WA KITUO, si makubaliano, si maelezo, uamuzi kabisa, kama jaji. Nikamsogezea karatasi aweke dole gumba, nikawa nahangaika kufungua kidau cha wino, ambacho siku zote kilikuwa kimekauka. Nilipokifungua, mzee alikuwa ameshabonyeza. Alama ilikuwa pale, mistari yote ya kidole inaonekana, nyekundu ya udongo. Nikasema moyoni, mkulima huyo.

Nikaenda kabatini kuchukua muhuri. Niligeuka, hayupo. Salome bado ameangalia chini.

"Ameondoka saa ngapi?" nikamuuliza.

"Sijasikia akiinuka, mama."

Niligonga muhuri.

Baada ya siku ile kikaanza kitu ambacho hakuna aliyekisema kwa sauti. Wateja walikuwa wanakuja kwa wingi kama kawaida, wanabanana kwenye benchi, lakini mwisho ule aliokalia mzee, wa karibu na mlango, wanaacha nafasi. Nafasi ya mtu mmoja. Hakuna aliyewaambia. Siku moja, wengine wameshaondoka, nilimsogeza mama mmoja mjamzito akae pale apate hewa, akakaa kidogo, akasimama, akasema, "Samahani, sikuona kama kuna mtu," kisha akaangalia nyuma yake. Ofisi ilikuwa na mimi na yeye tu.

Salome alifungua shauri lake baraza la ardhi, akaambatanisha uamuzi wangu. Yona akaleta wakili, kijana msafi kutoka mjini, na wakili akaleta pingamizi la awali. Nalikumbuka kwa moyo. Kwamba kituo cha msaada wa kisheria hakina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa ardhi na kuuamua. Kwamba hakina mamlaka ya kumwita mtu yeyote. Kwamba karatasi yake ni batili tangu mwanzo na iondolewe.

Nilienda kwa Mwalimu Hango na pingamizi lile mkononi. Alikuwa kitandani na mguu wake umevimba. Akalisoma lote, akavua miwani.

"Huyu wakili ana haki," akasema. "Karatasi ikiondolewa, yule mama atabaki na nini?"

"Hatabaki na kitu, Mwalimu."

"Basi ni wewe umemnyang'anya shamba, si Yona."

Wanangu, nililia barabarani kama mtoto. Mtu mzima, na mkoba wangu wa ofisi.

Siku ya kusikilizwa niliamriwa nifike na jalada. Salome alikaa mbele. Upande wa Yona alikaa shangazi yake, Bibi Mariamu, mdogo wake Mzee Msaghaa, aliyeletwa kuja kusema shamba ni la ukoo. Mwenyekiti wa baraza alikuwa mwanamke mtulivu, anaandika kila kitu.

Wakili akasimama. "Mheshimiwa Mwenyekiti, tuache kidogo kwamba kituo hiki hakina mamlaka juu ya watu walio hai." Akainua karatasi. "Hiki ni cheti cha kifo cha Mzee Msaghaa. Alizikwa wiki mbili kabla ya wito wa kwanza. Tunaomba kituo kiseme, kwa mamlaka gani kilimwita marehemu?"

Watu wakacheka. Salome hakucheka, aligeuka akanitazama mimi, na uso wake ulikuwa umebadilika rangi. Hakuna aliyempelekea habari ya msiba kule Misigiri. Alikuwa anausikia pale pale.

Mwenyekiti akaniuliza, "Mama, huyo aliyekuja kwako ulimtambuaje?"

"Alikuja na barua zetu, Mheshimiwa. Zote tatu." Nikazitoa kwenye jalada nikaziweka mezani, na udongo wake.

Kicheko kikakatika. Yona alikuwa amesimama. Wakili alimvuta shati akae, hakukaa.

"Hizo siyo zenyewe," akasema. "Hizo mimi niliziweka..."

"Uliziweka wapi?" Mwenyekiti akauliza.

"Walisema nimfikishie baba." Akamgeukia shangazi yake. "Nilikuwa natania tu. Nilisema si wanamwita, haya. Nikampelekea alipo. Nilizibana na jiwe juu ya kaburi, moja baada ya nyingine. Nikawa namwambia, mzee, unaitwa mjini."

Wakili, nampa sifa yake, alikuwa mtu wa kazi, akajaribu kurudisha shauri kwenye sheria. Akachukua uamuzi wangu akaanza kuusoma kwa kejeli, kuonyesha upuuzi wake. Akafika pale, "chini ya mnyaa wa tatu kuna jiwe la kusagia la mama yetu, tulilizika kifudifudi..."

"Nani kawaambia?" Ilikuwa sauti ya Bibi Mariamu. Alikuwa amesimama na fimbo yake. "Nani kawaambia jiwe? Tulikuwa mimi na kaka na baba. Mimi nilikuwa mtoto, nilishika taa. Baba alituapisha. Nani kawaambia?"

Mwenyekiti akamwambia akae, hajaapishwa, zamu yake itafika. Akakaa, lakini alikuwa analia kwa Kinyaturu, maneno ambayo sitayarudia hapa.

Uamuzi wa pingamizi ulisomwa baada ya siku chache, na wakili alishinda, kama alivyostahili. Mwenyekiti alisema kituo cha msaada wa kisheria ni cha kusikiliza, kushauri, kuandika na kupatanisha wanaokubali kupatana. Hakiiti, hakiamui. Wito wetu ulikuwa batili, uamuzi wetu ukaondolewa kwenye kumbukumbu. Wapo waliosema yule mzee alikuwa ndugu fulani mwenye huruma aliyezichukua zile barua kaburini akajifanya marehemu. Inawezekana. Mwalimu Hango alisema hivyo mpaka alipokufa. Nilipomuuliza Mwalimu huyo ndugu alijuaje jiwe, akaniambia nimpe uji wake.

Lakini shauri lenyewe halikufa, na hilo ndilo mlikumbuke. Karatasi mbovu iliondoka, shahidi mzuri akabaki. Bibi Mariamu alipoapishwa alisema mambo yote kwa kinywa chake, akiwa hai, mbele ya wenye mamlaka, kinyume cha yule aliyemleta. Baraza likaamua kwenda Sepuka kuliona shamba.

Tulikwenda mchana. Wakachimba chini ya mnyaa wa tatu, na jembe likagonga. Jiwe lilikuwa kifudifudi. Lilipogeuzwa, Bibi Mariamu akalipapasa kwa kiganja pale lilipolika kwa kusaga, akasema jina la mama yake. Yona alikuwa amekaa chini mbali kidogo, kichwa katikati ya magoti.

Watu wa baraza walipoanza kurudi kwenye gari, Bibi Mariamu akanishika mkono.

"Wewe ndiye uliyemwita kaka yangu?"

"Ndiyo, bibi. Nisamehe."

"Ulimruhusu kuondoka?"

Kila aliyewahi kukaa kwenye benchi letu nilimwambia maneno yale yale mwishoni, tumemaliza, nenda kwa amani. Yeye nilimgeuzia mgongo nikatafuta muhuri.

Kaburi lilikuwa hatua chache upande wa pili wa minyaa. Lile jiwe ambalo Yona alibania barua bado lilikuwepo, na chini yake hapakuwa na kitu. Salome akaja nyuma yangu. Nikatoa daftari nikaandika nimesimama, kwa mkono, bila muhuri, kisha nikasoma kwa sauti. "Mzee Msaghaa. Kituo hiki hakikuwa na mamlaka ya kukuita. Miito yote mitatu imefutwa. Ulichotuambia ni kweli na kimeonekana. Tumemaliza. Nenda kwa amani."

Nikapiga goti kidogo, nikasema, "Shikamoo mzee."

Nikangoja lile neno lake, Nimeitwa. Upepo ulipita kwenye minyaa. Hakuna aliyesema chochote, na sijawahi kushukuru kiasi kile kwa salamu yangu kutojibiwa. Salome, ambaye hakuwahi kumtazama shemeji yake usoni, alikaa kando ya kaburi akaanza kumlilia upya, msiba ambao hakuna aliyempelekea habari.

Shamba alilipata. Msimu uliofuata alipanda alizeti kuanzia minyaa mpaka korongoni, na mabinti zake wakarudi shule ya Sepuka.

Kwa hiyo mkiandika barua zenu, na hata hizi mnazotuma kwa simu siku hizi, andikeni "tunakualika". Wakija na jogoo, mpokeeni jogoo. Na kila anayekaa mbele yenu, kabla hamjageuka kutafuta muhuri, mwambieni aende kwa amani.

Jumatatu iliyofuata safari ile ya Sepuka nilichelewa kufungua ofisi. Nilikuta watu wamenitangulia, wamechukua ufunguo kwa jirani, wametoa benchi nje kivulini, wamekaa. Nikawahesabu kwa macho, kama nilivyozoea, mpaka nikafika ule mwisho wa karibu na mlango, ambao siku zote uliachwa wazi. Alikuwa amekaa mama mmoja ananyonyesha, ameegemea ukuta, amelala.